DLL ya kache ya Office ikigoma: jinsi ya kurekebisha bila kupoteza kazi yako na bila kushusha mafaili ya ajabu

Wakuu, hii ni kwa ajili ya mtu ambaye saa hii akifungua Word au Excel inajifunga yenyewe, au inamletea kidirisha kwamba kuna tatizo kwenye Office Document Cache, au kinatajwa kijifaili kinachoishia na .dll kwamba hakipo au kimeharibika, na kwenye hiyo hiyo kompyuta kuna ripoti ya kazi au tasnifu ya chuo ambayo bado haijapanda OneDrive, yaani hifadhi ya mtandaoni ya Microsoft. Kabla hujagusa chochote naomba jambo moja tu, usiende kuitafuta hiyo DLL mtandaoni ukaishusha. Najua ndo kitu cha kwanza kinachokuja ukisachi jina lake, tovuti kibao zinakwambia shusha bure, pesti kwenye System32 (folda la mfumo wa Windows), tatizo limeisha. Hapana. DLL sio picha wala wimbo, ni msimbo unaoendeshwa, ukiiweka mahali Word inapoiona basi kila ukifungua Word na yenyewe inaamka na kufanya lolote ambalo Word inaruhusiwa kufanya kwenye kompyuta yako, ikiwemo kusoma document zako zote. Na hata kama haina virusi, inaweza kuwa ya toleo lingine, hapo unakuwa umeongeza tatizo la pili juu ya la kwanza.

Kanuni ninayoifuata mwanzo mpaka mwisho wa mwongozo huu ni kwamba kila DLL ina mwenyewe, na inarudishwa na mwenyewe. Ya Windows inarudishwa na Windows, ya Office na Office. Ukishaelewa hilo zilizobaki ni hatua tu.

Kwanza tuelewane kinachotokea

DLL ni faili la msimbo linalotumiwa na programu nyingi kwa pamoja. Badala ya Word kuwa na msimbo wake wa kutunza nakala za document, Excel wake na PowerPoint wake, Microsoft wanauandika mara moja wanauweka kwenye faili moja na wote wanachota hapo. Ni kama kisima cha mtaa, kikichafuka leo kila nyumba inalalamika, ndo maana unakuta Word imekufa asubuhi, mchana Excel, jioni PowerPoint, na mtu anaamini ana virusi vitatu kumbe chanzo ni kimoja.

Sasa kache. Tangu Office 2010, ukifungua document iliyoko OneDrive au SharePoint (hifadhi ya pamoja ya maofisini), Office haiandiki moja kwa moja kule mbali, inaweka nakala kwenye diski yako, wewe unaandika kwenye hiyo nakala, na mabadiliko yanapandishwa taratibu kadri intaneti inavyoruhusu. Hicho kihifadhi cha nakala ndo Office Document Cache. Kati ya mafaili yanayoshughulika nayo kuna CSI.DLL, inakaa kwenye folda inayoitwa Microsoft Shared, ndani ya OFFICE14, OFFICE15 au OFFICE16 kutegemea toleo lako. Kwenye matoleo ya kama 2010 mpaka 2016 utakuta pia MSOSYNC.EXE, kwenye Task Manager inajiita Microsoft Office Document Cache.

Nakala zenyewe ziko hapa:

%localappdata%\Microsoft\Office\16.0\OfficeFileCache

%localappdata% ni folda la data la akaunti yako ya Windows, na hiyo 16.0 ni ya Office 2016, 2019, 2021 na Microsoft 365, zote zinatumia namba moja. 2013 ni 15.0, na 2010 ni 14.0. Ndani yake mara nyingi utakuta mafaili ya FSD na FSF yenye majina marefu yasiyosomeka, na moja linaitwa CentralTable.accdb ambalo ndo daftari la kila kitu kilichomo, yaani document gani ipo, ipi imeshapanda, ipi inasubiri.

Shika tofauti hii vizuri maana ndo inakuokolea muda: DLL ni msimbo, kache ni data. Umeme ukikatika katikati ya Office kuandika kwenye hilo daftari, au mtu akizima kompyuta kwa kubonyeza pawa kwa nguvu, kinachoharibika ni data. DLL ikija kuisoma inakutana na takataka, inaanguka, na logi ya Windows inaandika jina la DLL kwa sababu ndo iliyoangukia hapo. Wewe ukisoma unaona DLL mbovu unakimbilia kuibadilisha. Utaibadilisha hata mara kumi, data mbovu bado ipo pale pale na itaangusha kila DLL utakayoleta.

Hatua ya 1: okoa kazi yako kabla ya kutengeneza chochote

Hii hatua watu wanairuka kuliko zote na ndo inayoumiza. Kwenye kache kunaweza kuwa na kurasa ulizoandika jana ukiwa huna bando, ambazo OneDrive haijawahi kuziona. Ukifuta folda zima kwa mkono, zimekwenda.

Kama Word bado inafunguka hata kwa dakika mbili, fungua document yako, nenda File, halafu Save As au Save a Copy, na uisevu nje kabisa ya OneDrive, kwenye folda la kawaida la C au kwenye flashi. Usiisevu kwenye Documents kama Documents yako inasinki na OneDrive, hapo utakuwa umezunguka tu.

Kama inajifunga kabla hujafika popote, jaribu kuifungua bila viongezi (add-ins). Bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika:

winword /safe

halafu Enter. Ya Excel ni excel /safe. Ikifunguka vizuri kwa njia hii na ikakataa kwa njia ya kawaida, umepata habari kubwa sana: shida inaweza kuwa kiongezi fulani kilichojibandika kwenye Word, kile cha PDF au cha kutafsiri mfano, na wala sio kache. Nenda File, Options, Add-ins, chini pale chagua COM Add-ins bonyeza Go, toa tiki zote, halafu rudisha kimoja kimoja mpaka umpate mwenye fujo.

Angalia pia kama kuna kazi inayosubiri kupanda. Kwenye Office za zamani kuna Upload Center, tafuta jina hilo kwenye Start. Kwenye Microsoft 365 za sasa hiyo imeondolewa, badala yake ukienda File kisha Open unakuta sehemu ya Files Needing Attention kama kuna faili lililokwama. Lililokwama lisevu nakala pembeni, usiliamini kwamba litajipandisha lenyewe.

Kuna sehemu mbili nyingine za kuchungulia ambazo hazina uhusiano na kache lakini zimewaokoa wengi. %appdata%\Microsoft\Word ndo Word inakoweka nakala za dharura zinazoishia na .asd, na %localappdata%\Microsoft\Office\UnsavedFiles ndo zinakokaa zile ulizofunga bila kusevu. Hizi za UnsavedFiles Office inazitunza siku 4 tu, kwa hiyo usiseme nitaangalia wikiendi.

Mwisho wa hatua hii funga programu zote za Office na ukopi folda zima la OfficeFileCache uweke pembeni. Yale mafaili ya FSD huwezi kuyafungua kwa mkono, lakini ukiwa nayo bado una cha kurudisha kama kuna kitu kilisahaulika.

Hatua ya 2: jua DLL inayotajwa ni ya nani

Usikisie. Windows imeshaandika kila kitu. Bonyeza Windows na R, andika:

perfmon /rel

Inafunguka kalenda yenye alama nyekundu siku ambazo programu zilianguka. Bofya siku husika, chagua Word au Excel, angalia maelezo yake. Ukitaka undani zaidi fungua eventvwr.msc, upande wa kushoto Windows Logs, halafu Application, tafuta mistari ya Error yenye Event ID 1000. Kuna mistari miwili unayoitaka, Faulting module name ambayo ni jina la DLL, na Faulting module path ambayo ni anwani yake. Hiyo anwani ndo inakwambia mwenyewe ni nani.

Anwani ikiwa na Microsoft Shared au Microsoft Office ndani yake, ni ya Office, nenda hatua ya 3 na ya 4. Ikiwa C:\Windows\System32 au C:\Windows\SysWOW64 kwa kawaida ni ya Windows, ila kuna zinazowekwa humo na vifurushi vingine, hizo nazisemea kwenye hatua ya 6. Ikiwa kwenye folda la programu nyingine kabisa, ya printa tuseme, au ya antivairasi, basi mwenyewe ni huyo, mtoe au muapdeti.

Tahadhari hapa. Ukikuta ntdll.dll au KERNELBASE.dll, usiyahukumu haraka. Karibu kila programu kwenye Windows inapita humo, kwa hiyo nyingi zikianguka zinaangukia humo, hata kama aliyeharibu ni mwingine. Ukiyaona hayo yanatajwa na Word peke yake wakati programu zingine zote ziko fresh, mshuku Word na kache yake kwanza, Windows baadaye.

Kuna jambo linalochanganya watu kuhusu hayo mafolda mawili ya Windows. Kwenye Windows ya biti 64, System32 ndo ina DLL za biti 64, na SysWOW64 ndo ina za biti 32. Ndiyo, imekaa kinyume na namba zake. Mtu akishusha DLL mtandaoni akaiweka upande usio wake anapata kosa la 0xc000007b, ambalo kwa kawaida maana yake ni kwamba biti 32 na 64 zimechanganywa. Hii ni sababu nyingine ya kuacha kabisa hiyo tabia.

Na kama kuna DLL unaitilia shaka, labda fundi aliwahi kuileta na flashi, bofya kitufe cha kulia cha mausi juu yake, Properties, tafuta tabu ya Digital Signatures. DLL za Office zina saini ya Microsoft humo. Za Windows nyingi hazina hiyo tabu kwa sababu saini zake zinatunzwa kwenye katalogi pembeni, usishtuke. Kwa hizo fungua PowerShell (dirisha la amri la Windows) uandike hivi, ukiweka jina la faili lako:

Get-AuthenticodeSignature C:\Windows\System32\jina.dll

Kwenye Windows 10 na 11 ikisema Valid, saini iko sawa.

Hatua ya 3: safisha kache kwa njia ya Office yenyewe

Kwenye kesi nyingi za kache, tatizo linaisha hapa. Fungua Word, File, Options, Save, shuka chini mpaka Cache Settings, bonyeza Delete cached files. Kwenye toleo lenye Upload Center kitufe hicho kiko ndani ya Settings zake. Nakipenda hiki kitufe kwa sababu moja, kinafuta nakala zilizowekwa kwa ajili ya kufungua haraka tu, hakigusi zile zinazosubiri kupanda wala zilizopata kosa wakati wa kupanda. Ukifuta folda kwa mkono hakuna anayekuulizia hilo, vinaondoka vyote.

Kama Word haifunguki hata kidogo, ndo tunaingia kwa mkono, lakini hatufuti, tunabadilisha jina. Funga Word, Excel, PowerPoint, Outlook na OneNote. Kwenye OneDrive bofya kile kiwingu karibu na saa, chagua kuiquit. Fungua Task Manager kwa Ctrl, Shift na Esc, ukiona MSOSYNC.EXE au Microsoft Office Document Cache bado iko hai, ichague ubonyeze End task. Usipofanya hivyo Windows itakwambia faili linatumika na programu nyingine, utabaki unahangaika.

Halafu nenda %localappdata%\Microsoft\Office\16.0, chukua folda la OfficeFileCache ulibadilishe jina liwe OfficeFileCache_zamani. Washa Word. Itatengeneza folda jipya lenyewe. Ikitulia na document zako zikafunguka, umeshajua kwamba DLL haikuwa na kosa lolote. Acha hilo folda la zamani likae mpaka uhakikishe kila kazi iko OneDrive, ndo ulifute.

Kuna folda lingine linaitwa MSOCache, liko moja kwa moja kwenye C na limefichwa. Jina linafanana lakini hili sio kache ya document hata kidogo, ni mafaili ya kuinstolia Office ambayo matoleo yanayotumia kiinstola cha zamani yanayaweka kando ili ukitaka kuirekebisha usihitaji CD. Watu wanalifuta wakitafuta nafasi kwenye diski, halafu siku ya kurepea Office inadai CD ambayo hakuna anayejua iko wapi. Liache.

Hatua ya 4: mwambie Office ajirekebishe

Kache mpya ipo na bado CSI.DLL au DLL nyingine ya Office inatajwa, sasa kweli msimbo wenyewe unaweza kuwa umeharibika. Bonyeza Windows na R, andika appwiz.cpl, tafuta Microsoft Office kwenye orodha, ichague, bonyeza Change. Utaulizwa Quick Repair au Online Repair.

Anza na Quick Repair, haihitaji intaneti na haichukui muda mrefu. Ikishindwa ndo uende Online Repair, lakini hapo jipange, inaishusha na kuipanga Office upya karibu yote, ni GB kadhaa, kwa hiyo tafuta WiFi ya uhakika, usiifanye kwa bando la siku ambalo linakata katikati. Na laptop iwe kwenye chaji. Ukimaliza huenda ukatakiwa kulogini tena, kwa hiyo hakikisha unaikumbuka paswedi ya akaunti yako kabla hujaanza.

Kwa wenye toleo la zamani la kiinstola utakuta neno Repair tu, na hapo ndo MSOCache inafanya kazi yake.

Baada ya hapo ingia File, Account, Update Options, Update Now. Msaada wa Office 2010 uliisha tarehe 13 Oktoba 2020, wa 2013 uliisha 11 Aprili 2023, na Office 2016 na 2019 ziliisha 14 Oktoba 2025. Kama uko kwenye mojawapo, hiyo apdeti ya kurekebisha hitilafu mpya haiji, utakuwa unatibu dalili.

Hatua ya 5: DLL ni ya Windows

Kuna ushauri unazunguka sana kwamba tatizo lolote la DLL andika sfc /scannow limeisha. Ni amri nzuri mno, lakini inalinda mafaili ya Windows tu. Haiijui CSI.DLL, haigusi Office. Mtu anaiendesha, inamwambia hakuna kosa, anahitimisha kompyuta ni nzima na Word inaendelea kufa. Kwa hiyo itumie pale tu hatua ya 2 ilipokuonyesha kwamba mwenyewe ni Windows.

Bofya kulia kwenye Start, chagua Terminal au Command Prompt ile yenye neno Admin. Kwenye Windows 10 na 11 unaanza na hii:

DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth

ikimaliza ndo hii:

sfc /scannow

Mpangilio huo una sababu. sfc ikikuta faili bovu inachukua nzima kutoka kwenye ghala la Windows lililoko ndani ya folda la WinSxS. Ghala lenyewe likiwa na mafaili mabovu itakupa bovu au itashindwa. DISM ndo inalitengeneza ghala kwanza. Kwa kawaida inachukua mafaili kutoka Windows Update, kwa hiyo bando linahitajika, na inaweza kusimama kwenye asilimia fulani muda mrefu ukadhani imeganda, ivumilie. Kama huna intaneti lakini una ISO ya Windows (faili la kuinstolia Windows) ya toleo lile lile, bofya ISO mara mbili ijifungue kama diski, tuseme imekuwa D, halafu:

DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth /Source:wim:D:\sources\install.wim:1 /LimitAccess

Ukikuta ndani ya sources faili ni install.esd, badilisha hapo juu wim zote mbili ziwe esd. Na ile 1 ya mwisho ni namba ya edisheni ndani ya hilo faili, lazima iendane na edisheni yako, Home na Home, Pro na Pro.

sfc ikisema imekuta mafaili mabovu na imeyarekebisha, ristati ujaribu. Ikisema imeshindwa baadhi, rudia DISM na sfc mara nyingine, na kama bado, majina yake yameandikwa kwenye C:\Windows\Logs\CBS\CBS.log.

Kuhusu regsvr32, maana na hiyo inapendekezwa kila mahali. Hiyo ni ya kusajili aina fulani tu ya DLL, zile za COM, yaani zinazotakiwa kuandikishwa kwenye Windows ili programu nyingine zizipate. Ukiitumia kwa DLL isiyo ya aina hiyo inakwambia DllRegisterServer haikupatikana, na watu wanalichukulia hilo kama ushahidi kwamba DLL ni mbovu. Sio mbovu, haikuumbwa isajiliwe tu.

Hatua ya 6: DLL ambazo sio za Office wala Windows moja kwa moja

Kidirisha kikitaja VCRUNTIME140.dll au MSVCP140.dll, hizo ni za kifurushi cha Microsoft Visual C++ Redistributable. Kishushe kutoka tovuti ya Microsoft yenyewe, instoli cha x86 na cha x64 vyote viwili, haijalishi Windows yako ni biti 64, kwa sababu programu za biti 32 zinahitaji cha x86. Kama uko Windows 7 na unaona jina refu linaloanza na api-ms-win-crt, unachokosa ni apdeti ya KB2999226.

Halafu kuna hili. Kama Office yako ni ya kuchakachuliwa, iliyowekwa na mtu wa flashi, fahamu kwamba baadhi ya hizo mbinu zinaweka DLL yao pembeni ya za Office, kwa sababu programu ikitafuta DLL huwa inaangalia kwanza folda lake yenyewe kabla ya System32. Siku antivairasi ikiamka inaiondoa, na wewe unaona ujumbe wa DLL haipo. Fungua Windows Security, Protection history, uone kama kuna kilichofungiwa. Ukikikuta tafadhali usikirudishe, na usizime antivairasi ili Word ifunguke. Kama hela ya leseni haipo, LibreOffice ni bure na inafungua docx na xlsx, na Word ya kwenye brauza ni bure ukiwa na akaunti ya Microsoft. Kazi ya mtu ni bora ikae sehemu ya uhakika.

Kompyuta ya watu wengi, steshenari na saiba

Hapa naomba wenye steshenari mnisikilize kwa makini. Mteja anakuja analogini OneDrive yake kwenye Word ya dukani, anaprinti CV na vyeti, analipa anaondoka. Nakala ya document yake inaweza kubaki kwenye kache. Kwa kawaida Office inatunza nakala siku 14. Na mteja ambaye ameacha akaunti yake wazi amekuachia vitu vingi kuliko anavyojua.

Kwenye Cache Settings zile zile za hatua ya 3 weka tiki kwenye sehemu inayosema nakala zifutwe faili likifungwa, na pale kwenye siku punguza. Itapunguza pia nafasi ya kache kuvimba na kuharibika, maana kompyuta hizo ndo zinazimwa ovyo kuliko zote. Na wewe mteja, kabla hujanyanyuka ingia File, Account, Sign out, halafu hakikisha document yako haipo tena kwenye Documents wala Downloads za duka.

Umefanya yote na bado inaanguka

Tengeneza akaunti mpya ya Windows kwenye kompyuta hiyo hiyo, Settings, Accounts, Other users. Ingia humo, fungua Word, ijaribu. Kache inakaa ndani ya akaunti ya mtumiaji lakini DLL zinatumika na akaunti zote, kwa hiyo kipimo hiki kinakata mzizi wa ubishi. Ikifanya kazi kwenye akaunti mpya, DLL ni nzima na kilichoharibika kiko kwenye akaunti yako ya zamani, hamishia mafaili yako huku uendelee. Ikifa na huku, tatizo ni Office yenyewe, Windows au diski.

Diski uiangalie mapema kama kache inaharibika tena na tena baada ya kuisafisha, hiyo sio kawaida. Fungua Terminal ya Admin uandike:

chkdsk C: /f

Itakuuliza ifanye ukiwasha tena, jibu Y, ristati, iache imalize bila kuizima. Na ushushe CrystalDiskInfo, ni bure, ikikuonyesha Caution au Bad badala ya Good acha mambo ya DLL kabisa, kopi vitu vyako leo, nunua diski nyingine.

Diski ikiwa salama na akaunti mpya nayo imegoma, baki na kuiondoa Office yote na kuiinstoli upya. Kabla hujaiondoa hakikisha unajua imenunuliwa kwa akaunti gani, ingia account.microsoft.com sehemu ya Services & subscriptions uione leseni yako kwa macho, na kama ilikuja na kadi yenye namba, piga picha hiyo namba. Ukienda kwa fundi mpelekee ile mistari ya Event ID 1000 ukiwa umeikopi kwenye karatasi au kwenye simu, jina la DLL, anwani yake na namba ya toleo, na umwambie wazi kwamba hutaki DLL ya kushusha.